Dawa ya maji

Dawa ya maji (pia Mai Mulele) ni kinga ya vita iliyoaminiwa kugeuza risasi kuwa maji. Katika Kongo ya mashariki ilitumiwa na Wasimba, waasi wa 1964–1965, wakiwemo wapiganaji wa Fizi, Baraka na Lubondja. Mganga alimnyunyizia mpiganaji maji yenye mitishamba, kisha akampa masharti: asiguse mwanamke, asichukue cha mtu, asiogope. Hatari yake ilikuwa katika sharti hilo la mwisho. Nani haogopi risasi zikilia? Aliyeanguka alihesabiwa kuwa amevunja mwiko, hivyo dawa haikushindwa kamwe. Lawama ilibaki kwa maiti. Mwanamapinduzi Che Guevara, aliyepigana Fizi kuanzia Aprili hadi Novemba 1965, aliliona hilo na kuliandika. Kabla yake, mganga Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alikuwa ametoa ahadi kama hiyo ya maji katika Vita vya Maji Maji dhidi ya Wajerumani, 1905.

Wapo wanaosema dawa ilileta ushindi, na hoja yao ina uzito: askari wa serikali waliiogopa, na Agosti 1964 Stanleyville, Kisangani ya leo, ilianguka mikononi mwa Wasimba. Lakini hofu hiyo ilitegemea adui anayeamini. Walipokuja mamluki wa Mike Hoare, wasiojali maji, Baraka ilichukuliwa mwishoni mwa 1965. Kwa hiyo dawa iliukopesha moyo ujasiri, na deni likalipwa kwa mwili.