JAMAA ALIYEPAA NA KITANDA: FILAMU YA 1906 ILIYOMSINGIZIA JIBINI

Wadau, kama mnadhani filamu za maajabu zimeanza juzi na kompyuta, cheki hii ya mwaka 1906. Inaitwa Dream of a Rarebit Fiend, ya kampuni ya Edison kule Marekani. Muongozaji ni Edwin S. Porter, yule yule wa The Great Train Robbery ya 1903. Ni dakika kama 7 tu, na haina sauti.

Stori iko hivi. Jamaa mmoja, hata jina hana, yuko mgahawani anafakamia mkate wa jibini ya kuyeyushwa huku anashushia na pombe. Kutoka nje tu, mji mzima unayumba! Anang'ang'ania nguzo ya taa mpaka msamaria mmoja anamfikisha nyumbani. Akilala ndo balaa linaanza: samani zinahama, vishetani vinatoka kwenye chombo cha jibini na kumgonga kichwa, kitanda kinazunguka na kupaa naye juu ya jiji. Ananasa kwenye jogoo wa kuonyesha upepo juu ya mnara wa kanisa, anaporomoka na kutoboa dari ya chumba chake. Kumbe ndoto.

Ujanja wao ulikuwa kupiga picha moja juu ya nyingine kwenye mkanda ule ule. Wazo lilitoka kwenye katuni za gazetini za Winsor McCay zilizoanza 1904. Humo mtu anaota jinamizi, akiamka analaumu jibini.

Sasa hapo ndo pa kujiuliza. Pombe tumeiona kwa macho yetu, lakini lawama amebebeshwa jibini hadi kwenye jina la filamu. Na miaka hiyo Marekani ulevi ulikuwa ugomvi mkubwa. Wanaharakati walipiga kelele kuhusu baba anayemalizia mshahara kilabuni huku watoto wanalala njaa, na mwishowe pombe ikapigwa marufuku nchi nzima kuanzia 1920 hadi 1933.

Lakini filamu haituonyeshi mke anayesubiri mlangoni wala mtoto anayeshtuka usiku. Jamaa kalewa, kaokotwa, kalazwa kwake, watu wakacheka. Wapo walevi wengi ambao hawakupata msamaria wala kitanda cha kuangukia. Hao hakuna aliyewatengenezea ndoto.

Zaidi ya miaka 100 imepita, na mtaani bado utasikia: "Mimi sikulewa bwana, ni chakula tu kilinisumbua."