Mama Aliyegeuzwa Kuwa wa Kambo



Wengi wetu tumeisikia ngano ya Kijerumani ya Hansel na Gretel, watoto wawili waliotelekezwa msituni wakati wa njaa, wakaangukia mikononi mwa mchawi mla watu. Jacob na Wilhelm Grimm waliichapisha mwaka 1812. Katika toleo hilo la kwanza, anayemshawishi baba awatupe watoto ni mama yao mzazi. Kufikia toleo la mwaka 1840, mwanamke yuleyule amekwisha kuitwa mama wa kambo. Vivyo hivyo, malkia anayeamuru Schneewittchen, yule binti mweupe kama theluji, auawe, alikuwa mama mzazi mwaka 1812. Mwaka 1819 akafanywa wa kambo.

Wataalamu wengi huona kwamba ndugu hao walitaka kuilinda heshima ya mama mzazi. Mwanasaikolojia Bruno Bettelheim aliandika mwaka 1976 kwamba mama wa kambo wa hadithini humsaidia mtoto: humwezesha kumkasirikia mama mkali bila kumpoteza moyoni mama mwema.

Huenda ni kweli. Lakini historia ina ushuhuda mwingine. Mjini Firenze, nchini Italia, hospitali ya Innocenti ilifunguliwa mwaka 1445 ili kuwapokea watoto waliotelekezwa. Nyumba kama hiyo isingehitajika kama umaskini, aibu na kukata tamaa visingewashinda hata wazazi wa damu.

Nabii Isaya (49:15) hakulificha jambo hilo. Anauliza kama mama aweza kumsahau mwanawe anyonyaye, kisha anakiri kwamba yawezekana. Ila Mungu hasahau kamwe. Maandiko hayakumbadilisha mama jina ili kutufariji.

Ndugu zangu, tumezoea kumshuku mama wa kambo, hata yule anayelea kwa machozi na jasho watoto asiowazaa. Wakati huohuo twaweza kumnyamazisha mtoto anayeumizwa na mzazi wake mwenyewe, tukimwambia, “Mama ni mama.” Juma hili, katika Jumuiya zetu Ndogo Ndogo, mtoto akisema anaogopa kurudi nyumbani, tumsikilize kwanza na kumlinda, kabla ya kuuliza ni nani aliyemzaa.

Mungu awabariki.