Miaka ya Ngoma: Kalenda Isiyotulia ya Ufalme wa Karagwe

Mwishoni mwa Novemba 1861, wapelelezi John Hanning Speke na James Grant waliwasili Bweranyange, makao ya Omukama (mfalme) Rumanyika wa Karagwe. Katika ugeni huo Speke alihudhuria baraza la mwezi mwandamo. Alikuta ngoma 35, kubwa kwa ndogo, zimepangwa chini na wapigaji wamesimama nyuma yake, huku watoto wa mfalme na baadhi ya wakuu wakiwa wamejitundika ngoma ndogo shingoni. Baraza hilo, aliandika, lilifanyika kila mwezi ili mfalme ajue ni raia wangapi waliobaki watiifu kwake.

Kwa anayetafuta kalenda ya Wanyambo, watu wa Karagwe, sentensi hizo chache zina thamani kubwa. Mwezi mpya wa Karagwe ulihitaji zaidi ya kuonekana angani: ulipigiwa ngoma, na watu wakaja mbele ya Omukama. Aliyekosekana, kukosekana kwake kulionekana. Nadhani hapo kalenda ilikuwa chombo cha utawala kwanza, kisha ndipo ikawa hesabu ya siku.

Na kama hesabu, mwezi una tabia yake. Miandamo 12 hutimiza siku 354, pungufu kwa siku 11 hivi kuliko mwaka wa jua, na kila Mwislamu anaijua tofauti hiyo kwa jinsi Ramadhani inavyotembea kutoka kiangazi hadi masika. Karagwe, pamoja na Kyerwa iliyokuwa sehemu yake, hupata mvua mara mbili kwa mwaka, kuanzia Septemba hadi Desemba, kisha Machi hadi Mei, na mkulima hawezi kuingoja ngoma ya ikulu imwambie lini apande maharage. Mwezi ulihesabu mikutano ya watu na mfalme wao. Mvua ikahesabu kazi za shamba. Wafanyabiashara Waarabu wa Kafuro, kituo kilichokuwa karibu na Bweranyange, nao waliutazama mwezi uleule kwa hesabu yao ya Hijria. Mwisho wa mwaka ambao Speke aliuandika 1861, kwao ulikuwa 1278.

Ugumu unaanza tunapotoka kwenye miezi kwenda kwenye miaka. Karagwe haikuwa na mwaka wa kwanza ambao mingine ilihesabiwa kutoka kwake. Ilikuwa na enzi za wafalme, kila moja na urefu wake. Enzi ya Rumanyika ilianza kwa ngoma. Speke alisimuliwa kwamba baada ya kifo cha Ndagara, ngoma ndogo ya kifalme iliwekwa mbele ya wanawe watatu. Ndugu wawili walishindwa kuinyanyua kwa sababu ya dawa iliyotiwa, Rumanyika akainyanyua. Kwa mkazi wa Bweranyange, tukio lile lilitenganisha wakati uliopita na wakati uliopo kwa nguvu ambayo Januari mosi haijawahi kuwa nayo.

Wanahistoria wa karne ya 20 walitaka kuzigeuza enzi hizo kuwa miaka ya Kristo. Walianza na Ruhinda, ambaye simulizi humtaja kuwa mwanzilishi wa ukoo wa Wahinda aliyeutwaa utawala kutoka kwa Nono wa ukoo wa Wasita. Alitawala lini? Njia ya kwanza ilikuwa kuhesabu vizazi kurudi nyuma na kukipa kila kizazi wastani wa miaka. Mmoja wao, Roland Oliver, alitumia miaka 27. Njia ya pili ilikuwa kutafuta tukio la angani linaloweza kukokotolewa. Simulizi za ufalme jirani wa Nkore, ambako pia Ruhinda ndiye mzizi wa ufalme, zinaeleza kwamba jua lilipatwa huko Biharwe, karibu na Mbarara, wakati jeshi la ufalme wa Bunyoro lilipokuwa linarudi kutoka vitani. Wengi wakakubali kuwa kulikuwa kupatwa kwa jua kwa tarehe 17 Aprili 1520, na kutoka hapo wakahesabu kurudi hadi kwa Ruhinda, na kupitia kwake wakafika Karagwe.

Lakini mwanahistoria Sir John Gray, mwaka 1963, alitetea kupatwa kwa mwaka 1492. Tofauti ni miaka 28, yaani zaidi kidogo ya kizazi kizima kwa kipimo cha Oliver. Tukibadilisha jua moja, wafalme wote wa mwanzo wanasogea. Na tukio lenyewe halikutokea Karagwe: ufalme huu umepachikwa kwenye tarehe ya jirani kwa kamba ya nasaba.

Nasaba hiyo nayo ina maswali. Sehemu ya mwanzo ya orodha ya wafalme wa Karagwe inawapishanisha Ruhinda na Ntare, Ruhinda na Ntare, mara kadhaa. Huenda ni desturi ya kurithi majina ya enzi. Huenda majina yamerudiwa ili kuziba pengo la kumbukumbu na kuurefusha ukale wa ukoo. David Henige, katika kitabu chake cha 1974 kuhusu tarehe za simulizi, alionya vikali dhidi ya kuamini orodha za namna hii kama saa. Mwaka uliofuata Israel Katoke alichapisha historia yake ya ufalme wa Karagwe, kazi ambayo kila anayeandika kuhusu Wanyambo bado anaitegemea, akiianzisha takriban mwaka 1400. Ninamheshimu sana Katoke, na bado naona onyo la Henige lina nguvu kwa karne zile za mwanzo.

Hata karibu na wakati wa Speke, tarehe hazitulii. Kifo cha Ndagara kiko ndani ya kumbukumbu ya watu ambao Speke alizungumza nao ana kwa ana, lakini kuna vitabu vinavyokiweka 1853 na vingine 1855. Ndiyo maana ninaomba jambo moja kwa wanaoandaa vibao vya makumbusho na vitabu vya shule katika Karagwe, na katika Kyerwa iliyogawanywa kutoka humo mwaka 2012: jina la Omukama litangulie, kisha aliyemrithi na tukio lililokumbukwa katika enzi yake, na mwaka wa Kristo ufuate ukiwa na neno takriban mbele yake, hadi tufike Novemba 1861.