Tinka Kurti na Sauti za Bujumbura

Filamu ndefu ya kwanza ya Burundi, Gito l'ingrat, ilitoka mwaka 1992. Mwongozaji wake, Léonce Ngabo, alimweka Gito, kijana aliyerudi Bujumbura kutoka Paris akiota uwaziri, kati ya Christine, mpenzi wake Mfaransa, na Flora, mpenzi wake wa zamani wa nyumbani. Wanawake hao wanaungana kumtia adabu, na hapo ndipo filamu inaponoga. Ila Flora, binti wa Burundi, aliigizwa na Aoua Sangaré wa Mali.

Albania nayo ilianza kwa kuazima. Katika Skënderbeu ya 1953, iliyotengenezwa pamoja na Wasovieti, shujaa wa taifa aliigizwa na Akaki Khorava, mtu wa Georgia. Miaka mitano baadaye, Tinka Kurti, mwigizaji wa jukwaani kutoka Shkodër, akaibeba Tana, filamu ndefu ya kwanza ya Waalbania wenyewe. Tana, msichana wa kijijini aliyemwigiza humo, hakuwa mwisho wake. Aliendelea kwa miongo kadhaa, akaja kuwa mama wa kwenye filamu, watazamaji wakizeeka pamoja naye. Nchi ilikuwa maskini na imejifungia, lakini Kinostudio, studio ya serikali iliyofunguliwa Tirana mwaka 1952, ilihakikisha kuna filamu nyingine. Dola iliyotoa kazi ndiyo pia iliyonyang'anya: Edi Luarasi, mwigizaji aliyetangaza Tamasha la Nyimbo la Desemba 1972, aliadhibiwa kwa kuwa watawala waliliona limeiga Magharibi.

Kwetu Burundi, vita vya 1993 viliikatiza kamera. Uigizaji ukahamia redioni. Mwaka 1997 Studio Ijambo ya Bujumbura ilianza kurusha Umubanyi Niwe Muryango, mchezo wa Marie-Louise Sibazuri kuhusu majirani, Wahutu na Watutsi. Redioni mwigizaji hana uso wala vazi. Hasira, woga na aibu vyote hupita kooni, na msikilizaji hutambua nani ameingia kwa namna anavyovuta pumzi kabla ya kusalimia. Mimi naiita hiyo kazi kamili ya uigizaji, na historia ya sanaa yetu inawadhulumu wanawake walioigiza hivyo redioni inapowapita na kuanza kuhesabu filamu.

Tangu 2009 Ngabo ametuletea FESTICAB, tamasha letu la filamu. Skrini sasa ipo. Anachodai mwigizaji wa Bujumbura ni mkataba wa filamu ya pili, na ya tatu.