Nani Mngoni? Nasaba ya Watu wa Songea na Hukumu ya Kufuu

 

Ndugu msomaji, maudhui haya hatukuyachagua wenyewe, tuliletewa barazani. Baada ya swala ya Alasiri walikuja wazee wawili na shauri la posa. Kijana wa upande wa Namtumbo, mwenye kuhifadhi swala zake na mwenye kazi yake, alimposa binti wa ukoo unaojulikana hapa Songea. Binti ameridhia, baba amekataa, na hoja yake ni moja tu: kijana si Mngoni, ni Msutu, na babu zake walikuwa mateka wa babu zetu. Kisha akatuuliza: kwani Imam Nawawi katika Minhaj hakuitaja nasaba katika mambo ya kufuu? Tukamjibu kuwa ameitaja, na amesahihisha kauli kwamba huzingatiwa kwa wasiokuwa Waarabu kama inavyozingatiwa kwa Waarabu. Hapo mzee akatabasamu. Tukaomba siku chache, maana kabla ya hukumu ya nasaba ni lazima nasaba yenyewe ithibiti.

Jina Ngoni limetokana na Nguni, watu wa kusini mwa Afrika. Baada ya Shaka kuwashinda Wandwandwe mnamo mwaka 1819, makundi kadhaa yalikimbilia kaskazini. Moja liliongozwa na Zwangendaba wa ukoo wa Jere. Walipita Msumbiji na Zimbabwe ya leo, na mwezi wa Novemba 1835, siku jua lilipopatwa, wakavuka mto Zambezi. Zwangendaba alifia Ufipa katika miaka ya 1840, na watu wake wakagawanyika. Wako waliokwenda Unyamwezi, wako waliorudi kusini hadi Malawi na Zambia. Waliokuja huku kwetu waliongozwa na Zulu Gama na Mbonani Tawete. Waliwakuta Wangoni wenzao, wa Mputa Maseko, waliofika kwa njia ya mashariki ya Ziwa Nyasa na ambao tayari walikuwa wakiwatawala Wandendeule. Pakatokea vita, Maseko wakafukuzwa wakavuka Ruvuma, na zikabaki dola mbili: Njelu upande wa kusini na Mshope upande wa kaskazini.

Sasa tutazame msafara ule ulikuwa na nani ndani yake, kwani hapa ndipo penye kiini cha maneno. Kutoka kwao Unguni mpaka Songea walitumia takriban miaka arobaini, na kila walipopita waliteka watu. Wathonga waliingia, Wakalanga wakaingia, na baada ya Zambezi wakaingia Wasenga na wengineo. Vijana waliotekwa walitiwa katika vikosi, wanawake wakaolewa, watoto wakakua wakiwa Wangoni. Walipofika hapa waliwachukua Wandendeule, Wamatengo, Wapangwa, Wabena na Wanyasa kwa mtindo ule ule. Tofauti iliyobaki ilikuwa ya zamani ya kutekwa tu. Aliyeingia kabla ya Songea akajiita Mngoni halisi, aliyeingia hapa akaitwa Msutu.

Hata nduna ambaye mji wetu umechukua jina lake, Songea Mbano, inapokewa kuwa asili ya wazee wake ni Washona wa Zimbabwe. Na lugha nayo ni shahidi. Kingoni kinachosemwa leo Songea kinafanana na Kindendeule na Kimatengo, si Kizulu. Kinguni cha wale waliovuka Zambezi kimekufa, kimeacha maneno machache na majina ya vibongo. Walioshindwa kwa mkuki ndio waliofundisha watoto kusema. Wandendeule wengine waliokimbia vita walikwenda bonde la Kilombero, na huko wakawa kabila jingine, Wambunga. Na tarehe 27 Februari 1906, Wajerumani walipomnyonga Nkosi Mputa Gama na wenzake, wengi walizikwa kaburi moja, pale tunapopita kila siku.

Jambo hili si la kwetu peke yetu. Wanahistoria wa Kiislamu walihitilafiana kuhusu asili ya Wakurdi, na Al-Mas'udi ametaja riwaya za wanaowapeleka kwa Rabia na kwa Mudhar, yaani kuwafanya Waarabu. Sultani Salahuddin, aliyezaliwa Tikrit, ametajwa na Ibn Khallikan kuwa ni wa Wakurdi wa Rawadiya, asili ya baba yake ikiwa mji wa Duwin. Lakini ukoo wake ulipopata dola, baadhi yao walikanusha Ukurdi wakasema wao ni Waarabu walioteremkia kwa Wakurdi na kuoa kwao. Mmoja wao, aliyetawala Yemen, alidai hata Ubani Umayya! Ibn Khaldun ameeleza katika Muqaddima kwamba watu huingia nasaba ya wengine kwa mapatano na kwa walaa, kisha zama zikipita asili husahauliwa.

Sheria imelitenganisha jambo hili mara mbili. Kuwa katika watu kwa walaa kunajuzu, na Mtume (S.A.W.) amemhesabu mawla wa watu kuwa ni katika wao. Imam Bukhari huitwa Al-Ju'fi, naye hakuwa Mwarabu wa Ju'fi. Babu wa baba yake alisilimu mikononi mwa mtu wa Ju'fi. Basi Mndendeule aliyelelewa katika Ungoni akisema "mimi Mngoni" hana dhambi. Lakini kudai baba asiyekuwa baba yako kumetolewa makemeo makali katika Sahihi mbili, na Suratul Ahzab aya ya 5 imeamrisha watu waitwe kwa baba zao. Asemaye kuwa babu yake ni Zwangendaba na hana ushahidi, huyo ndiye wa kuogopa.

Ama kufuu, kwa Mashafii ni haki ya mwanamke na walii wake, na wakiridhia ndoa ni sahihi. Wahanafi hawaizingatii nasaba kwa wasio Waarabu, na Imam Malik ameitazama zaidi dini. Mtume (S.A.W.) mwenyewe alimshauri Fatima bint Qays, Mkureshi, aolewe na Usama bin Zayd, mtoto wa mtu aliyepata kuwa mtumwa.

Wazee waliporudi, tulimwomba baba wa binti atuhesabie baba zake. Alifika wa nne, akasita. Tukamwambia, ndugu yetu, huyo wa nne ulisikia alizaliwa wapi? Akasema kwa sauti ya chini kuwa alizaliwa Umatengo, mama yake akiwa wa huko huko, na baba yake hakuna aliyewahi kumtaja kwake. Hatukuongeza neno. Aliomba aende akazungumze na dada zake kwanza, na baada ya wiki tatu alituma mtu kuulizia siku yetu ya nafasi kwa ajili ya khutba ya nikaha.