Wazee na Kesi za Ardhi Kibaha na Kisarawe

Kibaha na Kisarawe, mkoani Pwani nchini Tanzania, mgogoro wa shamba la kimila huegemea kumbukumbu ya mzee: nani alipanda mkorosho ule, mpaka ulipita kwenye mwembe upi. Enzi za ukoloni mashauri hayo yalisikilizwa na watendaji wa serikali ya kikoloni: majumbe, maakida na maliwali. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963 iliwaweka kando, Mahakama ya Mwanzo ikashika nafasi yao, na wazee wa baraza wakiketi pamoja na hakimu. Oktoba 2003 mabaraza ya ardhi yakaanza kazi: kijiji, kata, wilaya, kisha rufaa Mahakama Kuu.

Kwa mdai wa miaka 80, ngazi hizo ni nyingi mno. Kesi ikiahirishwa mara kwa mara, mashahidi hufa. Akifa mdai mwenyewe, shauri husubiri msimamizi wa mirathi, na kumpata huyo nako ni shauri jingine. Marekebisho ya sheria yaliyofanywa 2021 yaliyaondolea mabaraza ya kata mamlaka ya kuamua, yakabaki kusuluhisha kwa siku 30. Zikipita bila mapatano, mdai huenda moja kwa moja baraza la wilaya.