Jina la Konokono wa Malambo: Uainishaji wa Bulinus na Historia ya Kichocho Usukuma

Kiangazi kinapokausha malambo ya Bariadi, Maswa na Meatu, konokono wadogo wa jenasi Bulinus hujifukia katika tope na kusubiri mvua. Mvua ikinyesha huibuka na kutaga mayai, nao watoto wachungao ng'ombe huingia katika maji hayohayo kuoga. Hivyo ndivyo kichocho cha mkojo kinavyoenea katika vijiji vilivyo mbali na Ziwa Viktoria. Ufukweni, upande wa Busega, kinachotawala ni kichocho cha matumbo, ambacho hubebwa na konokono wa jenasi nyingine, Biomphalaria. Kumtambua konokono kwa usahihi, basi, hakukuwa shughuli ya makumbusho peke yake.

Jina lenyewe lilitoka mbali. Mwaka 1757 Mfaransa Michel Adanson alieleza konokono wa Senegali aliyemwita Bulin. Mwaka 1781 O. F. Müller wa Denmark akalifanya jina hilo kuwa la Kilatini. Hata hivyo, Eduard von Martens wa Berlin alipompa jina konokono wa Afrika Mashariki mwaka 1879, alimwita Physa nasuta. Kosa hilo linasameheka. Gamba la Bulinus hupinda kushoto, tofauti na magamba ya konokono walio wengi, na gamba la Physa wa Ulaya hupinda vivyo hivyo. Mtaalamu aliyepokea magamba matupu hakuwa na kingine cha kutazama. Ni viungo vya ndani ya mwili vilivyowaonyesha wanazuoni wa baadaye kwamba konokono huyo ni wa familia ya Planorbidae.

Mwaka 1915 Robert Leiper alithibitisha nchini Misri kwamba kila aina ya kichocho ina konokono wake, na tangu hapo uainishaji ukawa suala la afya. Georg Mandahl-Barth, naye Mdenmarki, aliipanga upya jenasi hiyo mwishoni mwa miaka ya 1950, na mwaka 1960 akamtenga konokono wa bara mwenye gamba refu zaidi kuwa nususpishi, Bulinus nasutus productus. Miaka miwili baadaye G. Webbe alichapisha utafiti wake juu ya maambukizi ya kichocho cha mkojo katika Jimbo la Ziwa.

Mgawanyo huo, ambao ungeweza kudhaniwa kuwa ubishi wa wataalamu tu, ulikuwa na uzito. Uchunguzi wa vinasaba uliofanywa Unguja tangu miaka ya 1990 ulionyesha kwamba mwambukizaji huko ni Bulinus globosus, ilhali nasutus wa kisiwani hahusiki. Usukuma, ndugu yake productus ndiye mbebaji. Kanuni ya Unguja ingehamishiwa Bariadi bila kujali nususpishi, malambo yenye hatari yangehesabiwa kuwa salama.

Mwaka 2017 Philippe Bouchet na wenzake waliitambua Bulinidae kuwa familia inayojitegemea. Lamboni kazi haikubadilika sana: gamba hutazamwa kwanza, kisha konokono huwekwa ndani ya maji kwenye mwanga, ili ionekane kama atatoa lava wa kichocho.